Mashini inadai DLL, na mkutano unaanza saa nane

Swali halibadiliki, wala picha inayokuja nalo: skrini iliyopigwa kwa simu, upande upande, kisanduku cheupe katikati, alama nyekundu, na maneno "L'exécution du code ne peut pas continuer, car VCRUNTIME140.dll est introuvable". Chini yake mtu ameandika: "Kaka, nifanyeje? Mkutano ni saa nane."

Mara ni VCRUNTIME140, mara MSVCP140, mara mfplat. Programu nazo hupokezana: Zoom, Teams, AnyDesk, TeamViewer. Wanaouliza ni wanafunzi wa vyuo vya UCB na ISP ambao msimamizi wa kazi yao yuko nje, waandishi wa habari, na hasa watu wa mashirika. Tangu waasi wa M23 walipoingia Bukavu Februari 2025, benki zikafungwa na ndege zikaacha kutua Kavumu, ofisi nyingi zimetawanyika: mratibu yuko Kinshasa, mhasibu Bujumbura, wewe umebaki Nguba na mashini ya ofisi. Kinachowaunganisha ni ile programu, na leo imegoma.

Nadharia nitakayotoa ni hii tu. DLL ni faili ambayo programu nyingi huitumia kwa pamoja, kama kinu cha sombe ambacho nyumba za ua mmoja huazimana. Programu nyingine huja na kinu chake ndani ya folda yake, nyingine hutegemea cha uani, yaani kilichomo ndani ya Windows. Ukiwa nje huwezi kujua programu yako ni ya aina ipi. Ndiyo maana ule ushauri wa kwenye kisanduku, kwamba usakinishe programu upya, leo unafaulu kwako na kesho unashindwa kwa mwenzako.

## Kama mkutano ni leo, acha DLL kwanza

Usianze ukarabati ukiwa umebakiwa na dakika ishirini. Ingia mkutanoni kwa njia nyingine, mashini utaishughulikia baadaye.

- Zoom: bofya kiungo cha mwaliko, kataa kupakua programu, kisha tazama chini ya ukurasa. Kuna kiungo cha kujiunga kupitia kivinjari. Kama hakionekani, huenda mwenye mkutano amekizima; mwandikie akiwashe.
- Teams: chagua "Continuer sur ce navigateur".
- Google Meet na Jitsi: kwenye kompyuta hufanya kazi ndani ya Chrome, Edge au Firefox bila kusakinisha chochote.
- Simu: weka programu ya mkutano kwenye simu na uache mashini kando. Sauti itafika, na nyaraka utazituma kwa barua pepe.

Tena angalia saa. Bukavu iko mbele ya Kinshasa kwa saa moja. "Saa nane" ya mratibu aliye Gombe ni saa tisa yetu, na kuna watu waliokimbizana na DLL kumbe walikuwa na saa nzima mkononi.

## Soma jina la faili, lina majibu

Watu wengi hufunga kisanduku kabla ya kusoma. Kiache wazi, andika jina lote kwenye karatasi, pamoja na tarakimu na vistari. Kisha linganisha:

- VCRUNTIME140.dll, VCRUNTIME140_1.dll, MSVCP140.dll: kinachokosekana ni kifurushi cha Microsoft Visual C++ 2015–2022. Hiki ndicho kisa cha wengi. Hiyo yenye _1 mwishoni ni ya mashini za biti 64.
- MSVCP120.dll au MSVCR120.dll: kifurushi hicho hicho, lakini cha mwaka 2013. Ukiona 110 ni cha 2012. Ukiona 100 ni cha 2010. Kifurushi kipya hakichukui nafasi ya hivi vya zamani.
- api-ms-win-crt-runtime-l1-1-0.dll: karibu kila mara una Windows 7 isiyosasishwa. Dawa yake ni sasisho linaloitwa KB2999226, na halikubali kuingia kama Service Pack 1 haipo.
- mfplat.dll au mf.dll: Windows yako haina sehemu ya picha na sauti. Ina kifungu chake hapa chini.
- Teams ikitaja WebView2: unahitaji WebView2 Runtime ya Microsoft.
- Jina jingine lililomo ndani ya folda ya programu yenyewe: hapo ndipo kusakinisha upya kunasaidia. Iondoe programu kabisa, washa upya, halafu isakinishe.

Kuna ujumbe mwingine unaofanana na huu ambao si wa faili iliyopotea. Ukisoma "Le point d'entrée de procédure… est introuvable dans la bibliothèque de liens dynamiques", faili ipo, ila ni ya toleo lisilolingana na programu. Mara nyingi mtu amesakinisha programu mpya juu ya Windows iliyozeeka.

## Usipakue DLL moja moja

Ukiandika jina la faili kwenye Google, miongoni mwa majibu ya kwanza utakutana na tovuti zinazokupa faili ile peke yake, bure, kwa kitufe kikubwa cha kijani. Usikibofye. Kati ya yote niliyoandika hapa, hili ndilo ningependa lishike.

Tovuti hizo hazikutengeneza faili hiyo. Hujui ilitoka kwenye mashini ya nani, ni ya toleo gani, wala nani aliigusa njiani. Tena DLL haikai kimya kama picha au barua: programu ikifunguka inaibeba na kuiendesha kwa ruhusa zake zote. Programu ya mikutano ina ruhusa gani? Kipaza sauti, kamera, skrini yako. AnyDesk na TeamViewer zina hata kipanya na kibodi. Na Windows, inapoitafuta DLL ya kawaida, huanza kuangalia ndani ya folda ya programu yenyewe. Faili ya uongo uliyoiweka humo kwa mkono wako itaendeshwa kabla ya ile halali.

Hapa Kivu Kusini jambo hili lina uzito wake. Mashirika mengi ya mji huu hubeba ushuhuda wa waathirika wa ubakaji, orodha za mashahidi, majina ya watu waliohama. Mkutano wa ofisi kama hiyo haufai kuwa na msikilizaji aliyeingia kwa mlango wa VCRUNTIME140.

Najua mtakavyonijibu.

"Rafiki yangu alipakua faili hiyo, ikawaka." Inawezekana. Na ikiwaka ndiyo hatari zaidi, kwa sababu hakuna atakayeichunguza tena. Isitoshe kifurushi cha Visual C++ kina faili kadhaa: ukijaza VCRUNTIME140, dakika inayofuata mashini itadai MSVCP140, halafu nyingine, na utazunguka tovuti hizo jioni nzima.

"Basi nitainakili kutoka mashini ya mwenzangu." Afadhali kidogo, ila wengi hunaswa hapa. Ndani ya C:\Windows kuna folda mbili. System32 hubeba faili za biti 64. SysWOW64 hubeba za biti 32. Ndiyo, majina yamekaa kinyume na akili ya mtu, na si kosa lako kuchanganyikiwa. Ukiweka faili ya biti 32 mahali pa 64, kisanduku cha kwanza kitaondoka na badala yake utapata msimbo 0xc000007b. Mara nyingi huo humaanisha kwamba programu na DLL yake hazilingani kwa biti. Sasa una matatizo mawili.

"Kwenye YouTube wanasema niandike regsvr32." Amri hiyo ipo kwa aina fulani tu ya DLL, na hizi za Visual C++ hazimo. Itakujibu kwamba DllRegisterServer haikupatikana. Hujaharibu kitu, umepoteza muda tu.

## Hatua zenyewe, kwa wale wa Visual C++

1. Jua mashini yako. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na Pause, au fungua "Paramètres", kisha "Système", kisha "Informations système". Soma mstari wa "Type du système": 64 bits au 32 bits. Hapo hapo soma na mstari wa "Édition", utauhitaji baadaye.

2. Pakua kutoka Microsoft pekee. Faili zinaitwa VC_redist.x64.exe na VC_redist.x86.exe. Zote mbili kwa pamoja hazifiki mega 50, kwa hiyo hata forfe ndogo ya Airtel, Vodacom au Orange inatosha. Kama anwani iliyo juu ya kivinjari haiishii na microsoft.com kabla ya mkwaju wa kwanza, rudi nyuma.

3. Kagua saini. Bofya faili kwa kitufe cha kulia, "Propriétés", kisha "Signatures numériques". Lazima usome Microsoft Corporation. Kama sehemu hiyo haipo kabisa, futa faili bila kuijaribu.

4. Sakinisha zote mbili, hata kama mashini ni ya biti 64. Hili hushangaza watu. Windows ya biti 64 huendesha pia programu za biti 32, na hizo zinatafuta x86. Kosa ninaloliona zaidi ni mtu kusakinisha x64 peke yake, kisanduku kisiondoke, akaamini kwamba dawa haifai. Mwenye Windows ya biti 32 asakinishe x86 tu.

5. Ukikutana na "Réparer", bofya hapo. Maana yake kifurushi kipo tayari, ila huenda kimeharibika. Wengi hudhani ni ujumbe wa kukataliwa na kufunga dirisha.

6. Chagua "Redémarrer", siyo "Arrêter". Kwa sababu ya kile kinachoitwa "Démarrage rapide", kuzima na kuwasha hakuanzi Windows upya kikamilifu. "Redémarrer" huanza upya.

7. Jaribu programu. Ikigoma bado, sasa iondoe na uisakinishe upya. Kwa Zoom, wenyewe wanatoa zana ndogo iitwayo CleanZoom inayofuta mabaki yote.

Kabla ya hatua ya kwanza, hakikisha betri imejaa. Umeme wetu unatoka Ruzizi na unapita kwa SNEL, na delestaji haiulizi kama uko katikati ya usakinishaji. Mashini isiyo na betri inayoshika chaji, usiifanyie kazi hii bila kuwa na onduleri au jenereta.

## Mashini iliyotoka Ulaya na herufi N

Hiki ni kisa kinachowatesa watu hata mafundi, maana kila kitu kinaonekana kizima. Zoom au programu nyingine ya video inakataa, inadai mfplat.dll, na vifurushi vyote vya Visual C++ vipo.

Rudi kwenye mstari wa "Édition". Kama umeandikwa Windows 10 Professionnel N, hapo ndipo penye jambo. Machi 2004 Tume ya Ulaya iliikuta Microsoft na hatia ya kubana washindani kwa kuambatanisha Windows Media Player na Windows. Iliitoza faini ya euro milioni 497 na kuiamuru itoe Windows isiyo na kicheza muziki na filamu hicho. Hapo ndipo matoleo ya N yalipozaliwa, na mpaka leo yanatolewa. Kompyuta iliyotumika ofisini Ubelgiji, ikauzwa, ikapanda meli, ikafika dukani Nyawera, inaweza kuja na N yake bila muuzaji kujua.

Dawa haina gharama zaidi ya mega:

- Fungua "Paramètres", andika "Fonctionnalités facultatives" kwenye sehemu ya kutafuta.
- Chagua kuongeza kipengele, andika Media, kisha weka alama kwenye Media Feature Pack.
- Subiri imalize, kisha "Redémarrer".

Kama toleo lako si N na mfplat bado haipo, shuku nakala ya Windows. Mjini zinazunguka Windows "nyepesi" zilizopunguzwa na watu wasiojulikana ili ziende haraka kwenye mashini za zamani. Wamezipunguza kwa kukata vipande, na kipande cha video ni mojawapo ya vinavyokatwa. Hapo hakuna cha kuongeza. Ni kuweka Windows kamili.

## Faili ilikuwepo jana, leo haipo

DLL haihami yenyewe. Ikitoweka, kuna aliyeiondoa, na washukiwa ni wachache.

Wa kwanza ni antivirusi. Fungua "Sécurité Windows", kisha "Historique de protection", uone kama faili imefungiwa. Usikimbilie kuirudisha. Kama programu uliipata kwenye tovuti yake rasmi, pakua upya na usakinishe. Kama uliipata kwenye flashi ya rafiki ikiwa na "crack", antivirusi haikukosea.

Wa pili ni umeme uliokatika Windows ikijisasisha. Hapo fungua "Invite de commandes" kwa "Exécuter en tant qu'administrateur", andika:

sfc /scannow

Iache imalize. Inakagua faili za Windows na kurudisha zilizoharibika, bila intaneti. Ikisema imeshindwa kurekebisha baadhi, andika hii, halafu rudia ile ya kwanza:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth

Tahadhari: hii ya pili inaweza kuchota faili kutoka Microsoft, na italamba mega zako. Ifanye mahali penye Wi-Fi. Na isikuhangaishe ikiganda kwenye asilimia ile ile kwa muda mrefu, ndivyo ilivyo.

## Flashi ya ofisi

Ofisi yenye mashini tano au kumi haina sababu ya kupakua kitu kile kile kila mara. Wekeni flashi moja, ya kazi hii tu, yenye:

- VC_redist.x64.exe na VC_redist.x86.exe, pamoja na vile vya 2013 kama kuna programu ya zamani inayovidai
- Zoom kamili ya faili ya .msi, badala ya kale kadogo kanakoanza kupakua ukishakabofya
- WebView2 Runtime, ile kubwa isiyohitaji intaneti wakati wa kusakinisha
- AnyDesk au programu nyingine mnayoitumia kusaidiana, kutoka tovuti rasmi
- karatasi ya maandishi yenye tarehe mliyopakua kila kitu

Flashi hiyo isiingie siber, wala kwa mpiga chapa, wala kwenye mashini ya mtoto wa jirani. Ikirudi kutoka mikononi mwa mtu, kagua saini upya kama hatua ya tatu inavyosema. Na yaliyomo yabadilishwe mara kwa mara, kwa sababu Zoom ya mwaka juzi huenda ikakataliwa mkutanoni hadi isasishwe.

## Windows 7 na Skype

Bado ninaulizwa. Microsoft iliacha kuitunza Windows 7 tarehe 14 Januari 2020, na Windows 10 ikafuata tarehe 14 Oktoba 2025. Kwenye 7, hata ukipata DLL leo, programu ya mkutano itasasishwa kesho na kudai nyingine. Kama mashini inaweza kubeba Windows mpya zaidi, hamisha. Kama haiwezi, tumia simu kwa mikutano na uache mashini iwe ya kuandikia.

Skype ilifungwa Mei 2025. Hakuna DLL itakayoirudisha.

## "Niruhusu niingie kwenye mashini yako nikusaidie"

Ukiuliza tatizo hili kwenye kundi la WhatsApp, atatokea mtu anayeomba namba ya AnyDesk. Mpe tu kama unamjua kwa sura, umempigia na sauti ni yake. Kaa mbele ya skrini muda wote, funga barua pepe na nyaraka za ofisi kabla hajaingia, na akimaliza funga programu. Akitaka aachiwe nenosiri la kudumu ili "arudi usiku", jibu ni hapana, awe binamu au shemeji.

## Fundi akisema lazima kuformati

Mafundi wengi wa mjini ni wazuri, lakini kuformati ni rahisi kwao kuliko kutafuta faili moja, na bei yake ni kubwa zaidi. Kwa DLL ya Visual C++ hakuna haja. Mwulize kwa upole, mbele ya mashini: amesakinisha x86 na x64 zote mbili? Ametazama kama ni toleo la N? Ameendesha sfc? Akisema ndiyo kwa yote matatu na kisanduku bado kipo, mwachie aformati.

Kabla hajaanza, nakili wewe mwenyewe folda za "Documents", "Bureau" na "Téléchargements" kwenye diski ya nje, na alamisho za kivinjari. Mikutano ya Zoom iliyorekodiwa kwenye mashini hukaa ndani ya "Documents", kwenye folda ya Zoom, na watu huikumbuka ikiwa imechelewa. Mwulize atakuwekea Windows ipi: kamili au iliyopunguzwa, biti 64 au 32. Siku ya kuichukua usilipe kwanza. Fungua Zoom hapo hapo dukani, washa kamera, jisikilize sauti. Kama inadai DLL ile ile juu ya Windows mpya kabisa, tatizo liko kwenye nakala aliyotumia au kwenye diski, na atafute flashi nyingine ya kusakinishia kabla hujaondoka.